Mzuie Msaidizi wa Sauti Asikukatize Gemu: Mwongozo Kamili wa Android na iPhone

Msaidizi wa sauti, kama Google Assistant au Siri, akijitokeza katikati ya gemu, anachukua vitu viwili kwa mpigo: masikio na vidole. Mfumo wa simu humpa kipaumbele cha sauti, kwa hiyo milio ya gemu inanyamazishwa ili yeye asikie na asikike. Papo hapo dirisha lake linakaa juu ya skrini, na unachogusa kinaishia kwake. Gemu nyingi za mchezaji mmoja husimama zenyewe zikakusubiri. Za mtandaoni hazisimami. Seva inaendelea, mhusika wako amesimama wima mahali pa wazi, na wenzako wanaona umewatelekeza. Sekunde tatu zinatosha kupoteza pambano, na likipotea limepotea kwa timu nzima.

Ushauri unaosikika kila mahali ni mmoja: zima “Hey Google” au “Hey Siri”. Wengi huzima, kesho yake anarudi vilevile, wanakata tamaa na kudhani simu ni mbovu. Sababu ni kwamba kuitwa kwa sauti ni njia moja tu kati ya nne. Anaitwa pia kwa kitufe cha pembeni, kwa kidole kinachoteleza kutoka kona ya skrini, na kwa hedifoni. Kwa anayecheza gemu, naona hizo tatu za mwisho ndizo zinazosumbua zaidi, maana mikono haitulii na hedifoni ziko masikioni muda wote. Ukishajua anapitia ipi, kazi iliyobaki ni ya dakika chache.

Majina ya menyu nimeyaacha kama yanavyosomeka kwenye simu iliyowekwa Kiingereza, kwa sababu wengi wetu huziacha hivyo. Watengenezaji nao hubadili maneno kidogo kutoka toleo hadi toleo. Usipoona jina nililolitaja, andika neno kama “assistant” au “side button” kwenye kisanduku cha kutafutia kilicho juu ya Mipangilio, utafika.

Kwanza, anapitia wapi?

Ingia uwanja wa mazoezi wa gemu yako, au mechi dhidi ya roboti, mahali ambapo hakuna wa kumkosea. Chomoa au zima hedifoni zote. Cheza kimya, bila kuzungumza, huku umeshika simu kama unavyoishika siku zote. Akitokea, basi ni kitufe au kidole: angalia mkono ulikuwa wapi wakati huo. Asipotokea, anza kuongea kama unavyoongea na timu yako. Bado kimya? Rudisha hedifoni, kisha tikisa waya taratibu karibu na pini, au gusa hedifoni za Bluetooth kana kwamba unazirekebisha sikioni.

Hakikisha pia unayemsikia ni yeye kweli. Kuna kisomaji skrini cha Android kiitwacho TalkBack, ambacho kwenye simu nyingi huwashwa kwa kubonyeza vitufe viwili vya sauti kwa pamoja kwa sekunde chache. Ukibana simu pembeni unaweza kukiwasha bila kujua. Dalili yake ni kwamba simu inakusomea kila unachogusa, na kuchagua kitu kunahitaji kugonga mara mbili. Dawa ni kubonyeza vitufe hivyohivyo tena, kisha kuondoa njia hiyo ya mkato kwenye “Accessibility”. Hayo mengine ya hapa chini hayatakusaidia kwa tatizo hilo.

Swichi kuu ya Android

Kama humtumii msaidizi kabisa, usianze kuhangaika na njia moja moja. Android ina mahali pamoja ambapo simu huuliza, “nikiitwa, nimfungue nani?” Jibu linaweza kuwa hakuna.

1. Fungua Mipangilio, nenda “Apps”, kisha “Default apps”. Kwenye Samsung iko ndani ya “Apps”, sehemu ya “Choose default apps”.
2. Gusa “Digital assistant app”.
3. Gusa jina la msaidizi aliyepo, liwe Google au Gemini (msaidizi mpya wa Google), kisha chagua “None”.

Baada ya hapo ishara ya kona na kitufe cha hedifoni mara nyingi havina pa kwenda. Nasema mara nyingi kwa sababu Samsung wana msaidizi wao, Bixby, mwenye njia yake kupitia kitufe cha pembeni, na simu nyingine zina msaidizi wa mtengenezaji aliyekuja nazo. Kwa hao endelea kusoma.

Kama unamhitaji msaidizi ukiwa nje ya gemu, achana na swichi hii. Badala yake, mwachie njia moja tu ambayo haigongani na uchezaji wako. Usiyeongea kwenye gemu, mwachie sauti. Unayeongea na timu muda wote, mwachie kitufe, ilimradi vidole vyako havikikalii.

Sauti

Simu inayosubiri kuitwa haitumi kila unachosema kwenye intaneti. Ina sehemu ndogo ya chipu, inayotumia umeme kidogo, inayolinganisha sauti zinazopita na mfano mfupi wa neno la kuitia. Ulinganishaji huo ni wa haraka, si wa makini sana, ndiyo maana maneno yanayokaribiana na jina lake humwamsha. Tangu iOS 17 ya mwaka 2023, Apple waliruhusu kuita “Siri” peke yake bila “Hey”. Ni rahisi kwa matumizi ya kawaida, lakini neno likiwa fupi, makosa nayo huongezeka. Asiyetaka kuzima kabisa, arudishe “Hey Siri” iwe ndiyo njia pekee.

Kwa Google, fungua programu ya Google, gusa picha yako juu, ingia “Settings”, kisha “Google Assistant”, halafu “Hey Google & Voice Match”, uizime. Uliyehamia Gemini, swichi ya kuitwa bila kushika simu iko kwenye mipangilio ya programu ya Gemini yenyewe. Kwa Bixby, fungua mipangilio yake na uzime “Voice wake-up”.

Kama unapenda kuiacha, rekodi upya sampuli ya sauti yako ukiwa mahali tulivu. Sampuli iliyorekodiwa kwenye kelele humfanya akubali sauti zisizo zako. Tena usicheze huku mazungumzo ya timu yakitoka kwenye spika ya simu, kwani maneno ya mwenzako yanaingia moja kwa moja kwenye maikrofoni yako.

Kuna njia ya mkato ninayoipenda kwa gemu zisizo na mazungumzo. Tangu Android 12, kwenye vitufe vya haraka unavyovishusha kutoka juu ya skrini kuna “Mic access”. Ukiigusa, maikrofoni inazimwa kwa programu zote kwa pamoja, msaidizi akiwemo. Ukimaliza kucheza, unaigusa tena. Usiitumie unapocheza na timu, maana watakuwa hawakusikii.

Kitufe cha pembeni

Simu ikilazwa kwa upana, kitufe cha kuwasha kinahama kutoka pembeni kwenda juu au chini, pale ambapo kidole cha shahada au kiganja kinaegemea. Android 12 ilileta mtindo wa kushikilia kitufe hicho ili kumwita msaidizi badala ya kuleta menyu ya kuzima simu. Kwa hiyo kukikalia kwa muda mfupi tu kunatosha.

Kwenye Pixel, simu za Google wenyewe, na simu zinazofanana nayo, nenda “System”, kisha “Gestures”, kisha “Press and hold power button”, uchague menyu ya kuzima simu. Samsung iko “Advanced features”, kisha “Side button”, ambayo kwenye matoleo ya zamani huandikwa “Side key”. Hapo kwenye kubonyeza kwa muda mrefu chagua “Power off menu”. Kwenye Xiaomi na Redmi, ingia “Additional settings”, kisha “Gesture shortcuts”, utafute ishara inayomfungua msaidizi uiwekee “None”.

Usisahau vifaa unavyoifunga nayo simu. Kishikio cha kubana, feni ya kupoza ya kubandika, padi ya gemu inayoikamata simu kwa pande mbili, hata kava iliyobana kupita kiasi, vyote vinaweza kukikalia kitufe bila wewe kuhisi. Kama msaidizi hutokea dakika ileile unapofunga padi, sogeza simu milimita chache ndani ya kishikio au igeuze upande wa pili kabla hujagusa mipangilio yoyote.

Kidole kwenye kona

Android 10, ya mwaka 2019, iliondoa ulazima wa vile vitufe vitatu vya chini na kuleta ishara za kutelezesha. Mojawapo ni kuteleza kimshazari kutoka kona ya chini kuelekea katikati, ambayo humwita msaidizi. Sasa tazama gemu za kulenga na za uwanja wa mapambano zilivyopangwa: gurudumu la kutembea liko chini kushoto, vitufe vya kushambulia viko chini kulia. Dole gumba linaanzia ukingoni na kusukuma kwenda ndani na juu, yaani ishara ileile. Gemu nyingi huficha upau wa chini, na mtelezo wa kwanza huuonyesha tu bila kufanya kitu. Lakini mchezaji anayekwepa risasi hatelezi mara moja. Mtelezo wa pili huja kabla upau haujajificha tena.

Kuzima: “System”, “Gestures”, “System navigation” au “Navigation mode”, gusa alama ya gia kando ya “Gesture navigation”, kisha zima “Swipe to invoke assistant”. Samsung: “Display”, “Navigation bar”, “Swipe gestures”, halafu “More options”. Ukiwa hapohapo, angalia kama “Circle to Search” imewashwa. Huduma hii, iliyoanza kwenye Galaxy S24 mwanzoni mwa 2024, huamshwa kwa kushikilia ule mstari wa chini, na si msaidizi kamili, ila nayo hufunika skrini vilevile.

Kisha fungua mipangilio ya gemu yenyewe. Zile zinazoruhusu kupanga upya vitufe, sogeza gurudumu na kitufe cha kushambulia mbali kidogo na ukingo, upana wa dole gumba moja hivi. Mkono utazoea haraka, na utanusurika pia na ishara ya kurudi nyuma inayotokea ukingoni.

Hedifoni, mahali ambapo wengi hawaangalii

Hapa ndipo msaidizi huonekana kujiita mwenyewe. Hujasema kitu, hujagusa kitu, anatokea. Anatoweka. Anatokea tena.

Hedifoni za waya zenye maikrofoni zina pini ya sehemu nne: sauti ya kushoto, sauti ya kulia, ethi (njia ya umeme kurudi), na maikrofoni. Vile vitufe vya kwenye waya havina waya wao wa pekee. Hutumia uleule wa maikrofoni. Ukibonyeza cha katikati, waya wa maikrofoni unaunganishwa na ethi, na simu inapima ukinzani (jinsi umeme unavyozuiwa kupita) wa karibu omu 0. Cha kuongeza sauti huonyesha omu 240, cha kupunguza omu 470. Kwa vipimo vya Android kuna thamani ya nne, omu 135, iliyotengwa kando, na baadhi ya simu huitumia kuita amri ya sauti. Simu haioni kidole chako, inaona ukinzani tu. Jasho likipenya kwenye tundu, vumbi likishikana na unyevu, au nyuzi za ndani ya waya zikichubuka na kugusana, simu inasoma kuwa umeshikilia kitufe cha katikati. Kushikilia kitufe cha katikati ndiyo amri ya kumwita msaidizi.

Gemu huzidisha tatizo hili. Simu ikiwa imelala, pini ya hedifoni inaangalia kiganja chako. Kila unapokaza mkono, waya unakunjwa palepale unapotokea kwenye pini, sehemu ambayo ni dhaifu kuliko zote. Baada ya miezi ya kukunjwa hivyo, mpira wa nje bado mzima huku nyuzi za ndani zimeshaachana. Shika waya hapo kwa vidole viwili, uupinde polepole huku muziki ukicheza. Ukikatika upande mmoja, ukisimama, au msaidizi akaibuka, umempata mkosaji. Hedifoni hizo hazitengemai kwa mipangilio. Badilisha, na safari hii tafuta zenye pini iliyopinda kama herufi L, ambayo hulala kando ya simu badala ya kuchoma kiganja.

Kama waya uko salama, safisha tundu:

1. Zima simu kabisa, umulike ndani ya tundu kwa tochi.
2. Toa vumbi kwa brashi laini iliyo kavu. Usitumie sindano wala pini ya chuma, kwani utapinda vile vibati vya ndani na tatizo litakuwa la kudumu.
3. Kama kuna utando, tumia pamba nyembamba iliyoloweshwa kidogo tu kwa alkoholi ya isopropili. Acha pakauke vizuri kabla ya kuwasha.
4. Futa na pini ya hedifoni. Mafuta ya mkononi huganda kwenye zile pete nyeusi zinazotenganisha sehemu zake.

Alama ya hedifoni ikionekana juu ya skrini wakati hujachomeka kitu, hiyo ni dalili ya wazi ya unyevu au uchafu tunduni. Anayetumia kiunganishi cha USB-C ajaribu kingine kabla ya kulaumu simu. Na hedifoni za zamani zinaweza kuwa na mpangilio wa OMTP, ambao nafasi za ethi na maikrofoni zimebadilishana ukilinganisha na CTIA unaotumika kwenye simu nyingi za leo. Hizo zinaweza kutoa vibonyezo vya uongo hata zikiwa mpya.

Za Bluetooth zina kisa chao. Nyingi huitikia mguso mrefu kwa kuituma simu amri ya kufungua msaidizi, na jasho, nywele au mkono wa kurekebisha sikio unatosha kuwa mguso. Fungua programu ya hedifoni zako, ubadilishe kazi ya mguso mrefu, au uuzime. Kwa AirPods (hedifoni za Apple) zenye udhibiti wa kelele, nenda Mipangilio, gusa jina lake, kisha weka kushikilia kwa kushoto na kulia kuwe kwa kudhibiti kelele, si Siri.

Hedifoni zisizo na programu zina njia nyingine, nayo nadhani ndiyo yenye manufaa kuliko zote kwa mchezaji wa Android. Kwenye orodha ya Bluetooth, gusa gia iliyo kando ya jina la hedifoni, uondoe alama kwenye “Phone calls” au “Calls”, uache ya sauti za midia. Amri ya kumwita msaidizi kwa kawaida husafiri kwenye muunganisho wa simu, hivyo ukiufunga haina pa kupita. Faida ya pili ni kubwa vilevile: maikrofoni ya hedifoni ikifunguliwa, muunganisho hushuka kwenda ubora wa sauti ya simu, na hatua za adui zinasikika kama ziko ndani ya debe. Ukiondoa muunganisho huo, unasikia kwa ubora kamili na kuongea kupitia maikrofoni ya simu. Utakachokosa ni kupokea simu kwa hedifoni mpaka urudishe alama.

iPhone

Nenda Mipangilio, kisha “Siri”, ambayo kwenye baadhi ya simu ni “Apple Intelligence & Siri” na zamani ilikuwa “Siri & Search”. Zima kusikiliza jina lake, kisha uzime “Press Side Button for Siri”. Hatua inayosahaulika inafuata: nenda “Accessibility”, “Side Button”, na kwenye “Press and hold to speak” chagua “Off”. Bila hivyo, nafasi ya Siri inaweza kuchukuliwa na udhibiti wa sauti wa zamani, na utakuwa umemfukuza mmoja ukamkaribisha mwingine.

Simu zenye Apple Intelligence, yaani huduma za akili bandia za Apple, zina jambo la ziada. Kugonga mara mbili chini kabisa ya skrini hufungua Siri ya kuandika, na vidole vya gemu hugonga hapo bila kukusudia. Zima “Type to Siri”. Wachezaji wa AirPods wazime pia “Announce Notifications” na “Announce Calls”, la sivyo Siri atasoma ujumbe sikioni huku unasikiliza hatua za adui.

Kwa mechi unayotaka iwe salama kabisa, tumia “Guided Access”. Iwashe kwenye “Accessibility” na uweke namba ya siri. Fungua gemu, bonyeza kitufe cha pembeni mara tatu, gusa “Options”, zima “Side Button”, kisha anza. Kutoka, bonyeza mara tatu tena na uingize namba.

Hali ya gemu haitoshi

Game Booster ya Samsung, Game Turbo ya Xiaomi na Game Mode iliyokuja na iOS 18 ni vitu vizuri, ila visikupe imani isiyo na msingi. Game Mode ya Apple hupunguza kazi za nyuma ya pazia na ucheleweshaji wa Bluetooth, haimzimi Siri. Hali ya “Do Not Disturb” nayo huzuia simu na arifa, si msaidizi. Za Samsung na Xiaomi zina chaguo la kufunga vitufe vya chini au kuzuia ishara wakati wa gemu, na hilo liwashe, kwani linasaidia kwenye kona.

Baada ya sasisho

Sasisho kubwa la mfumo, au la programu ya msaidizi, wakati mwingine huleta ishara mpya ikiwa tayari imewashwa, au hukuuliza swali unaloligusa “OK” bila kusoma. Simu ikishasasishwa, pitia kwa haraka msaidizi chaguomsingi, kitufe cha pembeni na ishara ya kona. Halafu rudi uwanja wa mazoezi: kaza mkono, teleza kutoka kona zote mbili, shika hedifoni, taja jina lake kwa sauti. Asipojitokeza, ingia mechi ya daraja.